Picha za Kale za Kusini: Mwongozo Kamili wa Kutengeneza Filamu ya Majaribio kwa Picha za Nyaraka

Picha za zamani za Lindi na Mtwara hazikosekani kwenye magrupu ya WhatsApp. Wapagazi waliojipanga foleni, akina mama wenye ndonya (kile kipande cha mti kwenye mdomo wa juu), boma la Mikindani, matrekta ya Nachingwea. Chini ya kila picha pana mstari mmoja wa maelezo, na kwa kweli mstari huo ndio unaotazamwa. Jicho linapita juu ya picha kwenda kuhakikisha kwamba kilichoandikwa kipo, kisha linaondoka.

Mwongozo huu ni wa mtu mwenye kompyuta ya kawaida, anayejua kuediti video za harusi au mahafali, na anayetaka kutengeneza filamu fupi ya dakika nane hadi kumi itakayolizuia jicho lisiondoke mapema. Filamu ya majaribio haihitaji kusimulia kisa. Inachukua picha na kuijaribu mbele ya mtazamaji: inaichelewesha, inaifunika nusu, inairudia, inaibadilishia sauti, mpaka mtazamaji ashtuke kwamba alichodhani amekiona kwenye picha kilipandwa kichwani mwake na mtu mwingine. Hilo ndilo lengo, na ni zuri kulishika tangu mwanzo. Ukimwambia mtazamaji kwamba maelezo ya mkoloni ni ya uongo na ya kwako ndiyo ya kweli, utakuwa umebadilisha mstari tu chini ya picha ile ile. Mfanye ajione akisoma.

Hatua ya kwanza: chagua jambo moja

Kusini ina akiba kubwa ya picha, na mtu akianza huvutiwa na zote. Zuia hamu hiyo. Nitataja akiba tatu ambazo zinatosha kwa miaka ya kazi.

Ya kwanza ni ya Tendaguru, kile kilima cha kaskazini-magharibi mwa Lindi ambako kati ya mwaka 1909 na 1913 jumba la makumbusho la Berlin lilichimba mifupa ya dinosaria. Zaidi ya tani 200 za mifupa na mawe zilibebwa na watu kwa miguu, mwendo wa siku nne hivi, hadi bandari ya Lindi. Mifupa ya mnyama mkubwa kuliko wote ikasimamishwa Berlin mwaka 1937, na kimo chake ni mita 13.27. Picha za uchimbaji zinaonyesha mamia ya wafanyakazi; majina tuliyoachiwa ni ya wataalamu wa Kijerumani na ya watu wachache sana wa hapa, hasa msimamizi mkuu Boheti bin Amrani, ambaye mwaka 2007 jina lake lilipewa dinosaria mmoja wa Tendaguru, Australodocus bohetii.

Ya pili ni ya Karl Weule, Mjerumani wa makumbusho ya Leipzig, aliyepita Lindi, Masasi, Newala na Mikindani mwaka 1906, Vita vya Maji Maji vikiwa bado havijaisha. Alikuja na kamera ya picha za mnato, kamera ya filamu ya kuzungusha kwa mkono, na mashine ya kurekodi sauti kwenye nta. Alisafiri akilindwa na askari, na hilo linapaswa kukumbukwa kila unapoona mtu "ametulia" mbele ya kamera yake.

Ya tatu ni ya mradi wa karanga wa Waingereza, 1947 hadi 1951, uliojenga bandari ya Mtwara na reli ya kwenda Nachingwea. Filamu za habari za wakati ule zimejaa matrekta, miti inayoanguka na sauti ya msimulizi mwenye furaha. Mradi ulifutwa baada ya kula mamilioni ya pauni, na miaka ya 1960 reli ikafungwa na kung'olewa.

Chagua moja, kisha ndani yake chagua picha zisizozidi kumi. Ukiniuliza, hata nne zinatosha. Kwa mifano mingi hapa chini nitatumia picha za wapagazi wa Tendaguru.

Hatua ya pili: tafuta picha, na uandike zilikotoka

Maktaba ya Chuo Kikuu cha Frankfurt imeweka mtandaoni picha zipatazo 55,000 zilizokuwa mali ya chama cha ukoloni cha Ujerumani. Bundesarchiv, hifadhi ya nyaraka ya serikali ya Ujerumani, Desemba 2008 ilitoa karibu picha 100,000 kwa Wikimedia Commons, ghala la picha la mtandaoni, na kwenye picha hizo kuna onyo ambalo ni zawadi kwa mtengeneza filamu kama wewe: linasema maelezo ya asili yameachwa kama yalivyo, na yanaweza kuwa na makosa, upendeleo au siasa kali. Kwa upande wa Waingereza kuna katalogi ya mtandaoni iitwayo Colonial Film, yenye taarifa za filamu zaidi ya 6,000, na zaidi ya 150 kati yake unaweza kuzitazama bure.

Unapotafuta, tumia tahajia za zamani. Andika Deutsch-Ostafrika, Wamuera badala ya Wamwera, Rowuma badala ya Ruvuma. Jaribu majina ya vijiji na mito, maana mara nyingi picha iliandikwa jina la kambi na si la mji.

Usisahau ya nyumbani. Nyaraka za Taifa ziko Dar es Salaam, lakini albamu za familia ziko Ligula, Shangani, Mnazi Mmoja na Masasi, ndani ya masanduku. Ukipewa picha ya familia, ipige kwa simu karibu na dirisha, bila flashi, simu ikiwa sambamba kabisa na picha. Kisha igeuze uipige na mgongo. Muhuri wa studio, tarehe, mwandiko wa kalamu: mgongo wa picha mara nyingi husema mengi kuliko uso wake, na unaweza kuingia kwenye filamu kama picha kamili.

Fungua jedwali kwenye kompyuta. Kila picha iwe na namba, ilikotoka, aliyepiga, mwaka, maelezo ya asili neno kwa neno, na hali ya haki zake. Usiyasahihishe maelezo ya asili hata kama yanakuudhi. Kuhusu haki: sheria ya Ujerumani hulinda kazi miaka 70 baada ya kifo cha aliyeitengeneza, na Weule alifariki mwaka 1926, hivyo picha zake ziko huru. Hifadhi iliyokuwekea nakala inaweza kuwa na masharti yake. Yasome kabla hujaanza, wala usingoje mpaka filamu imalizike.

Hatua ya tatu: kaa na picha moja kabla ya kufungua programu

Hapa ndipo filamu inapopatikana au kukosekana, na ndipo wengi wanaparuka.

Nenda steshenari uchapishe picha moja kwa ukubwa wa A3. Ibandike ukutani. Chukua karatasi nyeupe, ikate tundu dogo la ukubwa wa kiberiti, uiweke juu ya picha. Sasa zungusha tundu taratibu, ukianzia pembeni. Usianzie katikati, kwa sababu katikati ndipo mpigapicha alipotaka utazame. Kila unapotua, andika unachokiona bila kutaja maana yake. "Mguu, kidole gumba kimeinuka." "Kamba, mafundo mawili." "Mtu ametikisika, uso haupo." Usiandike "huzuni", usiandike "mateso", usiandike "ushujaa". Maneno hayo yatakuja yenyewe, na ukiyaruhusu mapema utaacha kutazama.

Angalia vivuli, vikuambie jua lilikuwa upande gani. Angalia kama kivuli cha mpigapicha mwenyewe kimeingia chini ya fremu. Angalia nani hatazami kamera. Angalia nani amekatwa na ukingo wa picha, maana kuna mtu aliamua kwamba ukingo upite pale.

Ujue pia tabia ya vifaa. Sahani nyingi za kioo za enzi hizo, zilizowekwa ndani ya kamera badala ya filamu, zilikuwa nyepesi kuathiriwa na mwanga wa buluu na karibu vipofu kwa mwekundu. Ndiyo maana anga hutokea jeupe tupu, nguo nyekundu hugeuka karibu nyeusi, na ya buluu huonekana nyeupe kuliko ilivyokuwa. Ngozi nyeusi nayo ilipoteza ufafanuzi, hasa pale mpigapicha alipopima mwanga kwa kufuata suti nyeupe ya Mzungu aliyesimama katikati. Mtazamaji wa leo huona kundi la watu weusi wasio na nyuso na Mzungu mmoja mwenye sura kamili, akadhani hivyo ndivyo walivyokuwa wamesimama duniani. Sehemu ya tofauti ile ni kemia na uamuzi wa mtu mmoja. Ukiongeza mwanga kwenye sehemu za giza kidogo kidogo, sekunde ishirini nzima, nyuso huanza kurudi moja moja, zile ambazo sahani ilizihifadhi. Ambazo haikuzihifadhi hazirudi, na mtazamaji atazisubiri. Kusubiri kule kusikokuwa na jibu kuna uzito kuliko maneno yoyote utakayoweka.

Baada ya hapo, mpelekee picha mtu aliyewahi kubeba. Tulimwonyesha mzee mmoja wa njia ya Mnolela picha ya wapagazi. Sisi tulikuwa tumeshazungumza sana juu ya nyuso zao. Yeye aliweka kidole kwenye vichwa, akaanza kuhesabu waliokuwa na kata, ule mviringo wa nguo au majani unaowekwa chini ya mzigo.

"Hawa wametoka mbali," akasema. "Hawa wasio na kata wamepewa mzigo sasa hivi, wasimame wapigwe picha. Huwezi kutembea na mfupa bila kata mjukuu wangu, utosi utapasuka."

Huenda yuko sahihi, huenda hayuko. Picha haiwezi kuthibitisha. Lakini kuanzia hapo hakuna aliyeweza kuitazama picha ile kama msafara tu. Ilikuwa imegawanyika watu wa aina mbili, na mpaka kati yao ni kitu kidogo ambacho hakuna maelezo ya nyaraka yaliyowahi kukitaja.

Kutazama kwa namna hii kuna mfano mashuhuri. Tarehe 4 Aprili 1944 ndege ya upelelezi ya kikosi cha Afrika Kusini ilipiga picha kiwanda karibu na Auschwitz, Poland, iliyokuwa mikononi mwa Ujerumani ya Wanazi. Wachambuzi walitafuta kiwanda, wakakiona kiwanda. Kambi ya mauaji ilikuwa ndani ya picha hizo hizo, na haikutambuliwa na wachambuzi mpaka mwaka 1977. Mtengeneza filamu Mjerumani, Harun Farocki, aliijenga filamu yake ya mwaka 1988 juu ya jambo hilo: jicho hupata lilichotumwa. Unapopanga filamu yako, jiulize watu wa Lindi na Mtwara wametumwa kutafuta nini kwenye picha hizi, na nani aliyewatuma.

Hatua ya nne: uliza kinachoruhusiwa kuonekana

Baadhi ya picha za Weule na za wamisionari zilipigwa kwenye jando na unyago. Kuwa huru kisheria hakuzifanyi kuwa huru kwa watu wake. Kuna mambo ambayo mtoto asiyeingia jandoni hapaswi kuyaona, na kuna ya unyago ambayo hata baba mwenye nyumba hayajui. Mtu alikuja na kamera na askari akayachukua. Sisi hatulazimiki kuyatandaza ukutani kwenye uwanja wa shule.

Nenda kwa nyakanga, kwa kungwi, kwa wazee. Nenda na mtu wanayemfahamu, ukae chini, usianze na simu mkononi. Sema waziwazi: "Shikamoo bibi. Tuna picha za zamani za huku kwetu, zilipigwa na Wazungu. Tunataka kuzifanyia filamu. Tumekuja utuangalizie, utuambie ipi ionekane na ipi isionekane." Wapelekee akina bibi picha za unyago na wazee wa kiume za jando. Usizichanganye.

Wakikataza, tii. Na hapa filamu ya majaribio ina nguvu ambayo filamu ya maelezo haina: unaweza kuonyesha katazo lenyewe. Weka fremu tupu, rangi ya karatasi ya picha, iache sekunde thelathini, na usikike mnong'ono wa bibi akisema, "Hii weka chini." Mtazamaji wa Mtwara ataelewa palepale. Wa Berlin atakaa na fremu tupu, na ni haki akae nayo. Kwa maoni yangu, dakika moja ya namna hiyo inadai heshima kuliko hotuba nzima kuhusu wizi wa picha.

Picha za ndonya na chale zina shida nyingine. Zimesambazwa kama ajabu kwa zaidi ya miaka mia. Wapo wajukuu wa akina mama hao ambao huona haya, na wapo wanaojivunia. Usiamue kwa niaba yao. Uliza, rekodi majibu yote mawili.

Hatua ya tano: picha moja, sauti tatu

Hili ni jaribio la msingi, na kama utafanya moja tu kwenye mwongozo huu, fanya hili. Mwaka 1957 mtengeneza filamu Mfaransa, Chris Marker, alionyesha kipande kile kile cha mtaa wa Yakutsk, Siberia, mara tatu mfululizo kwa maelezo matatu: ya kusifu, ya kulaani, na ya "kati". Watazamaji wakaona miji mitatu. Chukua kanuni yake, si maneno yake.

Weka picha ya wapagazi kwa sekunde ishirini. Sauti ya kwanza iseme:

"Msafara wa kisayansi unaelekea bandari ya Lindi. Mizigo imefungwa kwa uangalifu. Kazi inakwenda vizuri."

Rudia picha ile ile, bila kubadili chochote:

"Mali ya ardhi yao inaondoka juu ya vichwa vyao wenyewe. Hawataiona tena."

Rudia mara ya tatu:

"Wanaume kumi na mmoja. Saba wana kata. Mmoja ametazama nyuma. Vivuli viko kushoto."

Mtazamaji wetu ataikataa sauti ya kwanza kirahisi na kuikumbatia ya pili. Kazi yako iko kwenye ya tatu. Inasikika kama haina upande, kumbe aliyehesabu kata ameamua kwamba kata ni muhimu kuliko nyuso, na aliyemtaja mmoja aliyetazama nyuma ameshaanza hadithi. Kwa hiyo usiishie hapo. Irudishe picha mara ya nne, kimya kabisa, sekunde arobaini. Sasa sauti zote tatu zitapigana kichwani mwa mtazamaji, na ndiye atakayelazimika kuamua au kukataa kuamua.

Watu wetu wako tayari kwa jaribio hili kuliko tunavyodhani. Waliokulia kwenye mabanda ya video wanawajua wasimuliaji wa filamu zilizotafsiriwa: mtu anaongea juu ya sinema ya Kihindi au ya Kichina, anawapa wahusika majina ya mtaani, anaongeza utani ambao haumo, na sinema inakuwa yake. Mtazamaji wa banda hajawahi kudanganyika kwamba sauti na picha ni kitu kimoja. Tumia ujuzi huo. Ikiwezekana, siku ya maonyesho waweke wasimuliaji watatu kwenye maiki, wasome moja kwa moja badala ya sauti kurekodiwa. Watu watamwona anayeongea, na watajua kwamba maelezo yana mwenyewe.

Hatua ya sita: mwendo na muda

Filamu za kuzungusha kwa mkono za mwaka 1906 zilipigwa takriban fremu 16 hadi 18 kwa sekunde. Zikichezwa kwa mwendo wa leo, fremu 24 au 25, watu wanatembea kama wamefukuzwa na mikono inarukaruka. Watazamaji hucheka. Vizazi kadhaa vimejifunza kwamba wazee wetu walikuwa vikaragosi, kwa sababu ya hesabu ambayo hakuna aliyeirekebisha.

Hesabu yenyewe ni hii. Dakika moja iliyopigwa kwa fremu 16 ina fremu 960. Ikichezwa kwa 25, inakwisha kwa sekunde 38.4. Kurudisha mwendo wake kwenye taimlaini ya fremu 25, punguza kasi hadi asilimia 64. Kama ilipigwa kwa 18, asilimia 72. Kwenye DaVinci Resolve au Kdenlive, zote za bure, bonyeza klipu na ubadilishe kasi, kisha zima chaguo la kulainisha mwendo, maana linabuni fremu ambazo kamera haikuzipiga. Kabla ya hapo isogeze klipu fremu moja moja: ukiona fremu zinajirudia, aliyeiweka mtandaoni ameshaipunguza, usiipunguze tena. Filamu za karanga zina sauti na zilipigwa kwa 24, hazihitaji tiba hii.

Jaribio linakuja sasa. Onyesha ngoma kwa kasi mbovu. Acha wacheke. Ikate katikati ya kicheko, uirudie kwa mwendo sahihi. Huhitaji kuandika neno lolote. Baadaye ishushe hadi fremu mbili kwa sekunde, na utaona kitu ambacho mwendo wowote wa kawaida unakificha: mcheza ngoma anatupia jicho kamera kwa fremu moja, kisha anarudi kwenye ngoma. Yervant Gianikian na Angela Ricci Lucchi, watengeneza filamu waliokuwa wakifanya kazi Italia, walitumia miaka wakipiga upya filamu za kale fremu kwa fremu kwa ajili ya mitazamo ya namna hii, na filamu yao ya mwaka 1986 bado ni shule kwa yeyote anayetaka kujua subira ni nini.

Kwa picha za mnato, epuka ile tabia ya kuivuta kamera taratibu kuelekea usoni. Inapendeza na imezoeleka, na ndiyo inayomfundisha mtazamaji kwamba kuna pahali pamoja tu pa kutazama. Tumia tundu lako la karatasi: tengeneza maski ndogo kwenye programu, giza kila mahali, tundu likitua mguuni, likitua kwenye fundo la kamba, likitua kwenye ukingo. Picha nzima ionekane mwishoni, au isionekane kabisa.

Ukiwa na projekta, irushe picha juu ya kitu halafu uipige upya kwa simu iliyosimamishwa imara. Gunia la korosho lililotandikwa ukutani linafaa sana: mzigo wa mwaka 1910 unatua juu ya mzigo wa msimu huu, na nyuzi za gunia zinakata nyuso. Ukuta wa boma la Mikindani una lake la kusema. Lakini kila uso unaotumia uwe na sababu unayoweza kumweleza mama yako. Pasipo na sababu ni urembo.

Kurudisha nyuma nako kunavutia. Miti ya Nachingwea inayoinuka kutoka ardhini huku matrekta yakikimbia kinyumenyume ni picha nzuri mno, na uzuri huo ndio hatari yake: inamwambia mtazamaji kwamba yaliyotokea yanafutika. Kama utaitumia, irudishe mbele tena mpaka mwisho, miti ianguke.

Jambo moja sitaki kulizungusha. Usitumie programu za akili mnemba "kusafisha" nyuso au kutia rangi. Programu ile haijui uso uliopotea ulikuwaje. Inachora uso mwingine wa kubahatisha na kuuweka juu ya mtu wa kweli aliyekuwa na mama. Doa, mkwaruzo na giza ni sehemu ya ushahidi.

Hatua ya saba: sauti ambayo haikuwepo

Weule alipiga filamu bila sauti na kurekodi sauti bila filamu. Kwa hiyo kila ukisikia ngoma chini ya picha za kimya za enzi hizo, mtu aliiweka. Kuweka sindimba ya leo chini ya ngoma usiyoijua ni kuandika maelezo ya uongo kwa masikio. Ukitaka kuziweka pamoja, zitenganishe kwa wazi: picha ikichezwa, kimya; skrini ikiwa nyeusi, sauti.

Rekodi mwenyewe sauti za sehemu hizo zilivyo leo. Upepo juu ya kilima, bodaboda kwenye barabara ya Masasi, wanawake wakibangua korosho, mawimbi pale Mikindani. Simu inatosha ukiifunika kitambaa kuzuia upepo, na Audacity ni programu ya bure ya kusafishia. Sauti ya leo chini ya picha ya jana haimdanganyi mtu. Inamkumbusha mtazamaji amesimama wapi anapotazama.

Hatua ya nane: panga, kisha punguza

Mpangilio ninaoupendekeza kwa dakika tisa: anza na tundu linalotembea gizani, dakika mbili, bila neno. Kisha picha nzima, mara tatu na sauti tatu, na mara ya nne kimya. Kisha nyuso zinazorudi kutoka gizani. Kisha fremu tupu ya katazo. Kisha mkono wa mzee ukihesabu kata, picha ikiwa mezani, uso wake usionekane kama hajataka. Maelezo ya asili ya nyaraka yatokee hapo tu, karibu na mwisho, kwa herufi nyeupe juu ya nyeusi, yakiwa peke yake. Mtazamaji atayasoma akiwa ameshaona zaidi ya yanavyosema.

Ukimaliza, toa robo ya ulichoweka.

Hatua ya tisa: onyesha, na usikilize

Kabla ya maonyesho ya hadhara, fuata taratibu za Bodi ya Filamu Tanzania chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976, na uiarifu serikali ya mtaa. Waliokupa picha na waliokukataza waione kwanza, faraghani, na uwe tayari kutoa watakachosema kitolewe.

Siku yenyewe, shuka jeupe, projekta, spika mbili na mikeka vinatosha. Wazee wakae mbele. Mpe kila mtu vipande viwili vya karatasi. Kabla ya filamu waonyeshe picha moja kwa sekunde tano, waandike walichoona. Baada ya filamu waonyeshe picha ile ile, sekunde tano zile zile, waandike tena. Asiyeweza kuandika, mtoto wa jirani amwandikie. Kisha somea watu karatasi hizo kwa sauti, mbili mbili, bila majina, na uzime maiki yako. Usieleze ulikusudia nini. Wakibishana kuhusu nani ana kata na nani hana, waache wabishane.

Karatasi hizo zikusanye, uziandike kwenye jedwali lako karibu na maelezo ya asili ya kila picha, na ukarudi kuediti ukiwa nazo mbele yako. Nakala ya filamu na ya jedwali iache shuleni au ofisi ya kijiji palipopigwa picha, na nyingine itume kwa hifadhi iliyokupa picha, pamoja na barua fupi ya kuomba yaliyosemwa na watu wa hapa yawekwe kwenye kumbukumbu zao chini ya namba ile ile ya picha. Barua hiyo iandike kwa Kiswahili, na tafsiri yake uiambatanishe.